Ora Washington: bingwa wa kikapu aliyeitwa kupokea heshima baada ya kufa

Safari hii tunatoka nje ya Tabora, tunavuka bahari hadi Marekani, kisha tunarudi nyumbani. Kuna sababu ya kwenda mbali hivyo, na naanza nayo.

Mwaka jana nilikwenda kutangaza mashindano ya netiboli ya wasichana kwenye shule moja kando ya reli iendayo Kigoma. Kulikuwa na msichana mmoja mrefu, kila mpira uliofika mkononi mwake ulizaa goli. Wazee waliokaa chini ya mwembe wakaniambia kwamba miaka michache nyuma kulikuwa na mwingine aliyemzidi huyu. Nikauliza jina lake. Mmoja akataja jina, mwenzake akakataa, wa tatu akasema aliolewa akahamia mbali. Nikaenda kuomba daftari la matokeo ya miaka iliyopita. Halikuwepo. Nilirudi studio bila jina.

Tangu siku hiyo nimekuwa nikimfikiria Ora Washington. Alikuwa bingwa wa michezo miwili kwa wakati mmoja, mpira wa kikapu na tenisi, lakini nusura jina lake lipotee kama la yule msichana wetu.

Alikotokea

Ora Mae Washington alizaliwa mwishoni mwa miaka ya 1890 katika wilaya ya Caroline, jimbo la Virginia, kwenye familia ya wakulima weusi. Tarehe kamili ya kuzaliwa kwake haijulikani, kwa sababu kati ya mwaka 1896 na 1912 jimbo hilo halikuwa likiandikisha vizazi. Wewe uliyehangaika kutafuta cheti cha kuzaliwa cha mama yako unalielewa jambo hili vizuri.

Utumwa ulikuwa umekomeshwa Marekani mwaka 1865, lakini majimbo ya kusini yalitunga sheria za kuwatenga watu weusi. Shule zilikuwa mbalimbali, mabehewa ya treni mbalimbali, hata makaburi mbalimbali. Familia nyingi zikafungasha mizigo kwenda miji ya kaskazini kutafuta kazi viwandani na majumbani. Ora alikuwa mmoja wa waliohama. Akiwa bado msichana alifika Philadelphia, akakaa eneo la Germantown, akapata kazi ya kufua, kupika na kusafisha katika nyumba za watu. Kwa lugha yetu ya leo alikuwa dada wa kazi. Kazi za namna hiyo aliendelea kuzifanya hata alipokuwa bingwa.

Tenisi ndiyo ilimtoa

Germantown kulikuwa na kituo cha chama cha wanawake Wakristo, chenye tawi kwa ajili ya wanawake weusi na kiwanja cha tenisi. Ora alianza kucheza pale akiwa tayari na umri wa zaidi ya miaka 20. Siku hizi kocha angemwambia amechelewa.

Chama kikuu cha tenisi cha Marekani hakikuwaruhusu weusi kushiriki mashindano yake. Kwa hiyo mwaka 1916 weusi walianzisha chama chao, American Tennis Association, chenye mashindano yake ya taifa. Humo ndimo Ora alimotawala. Kuanzia mwaka 1925 hadi 1936 alichukua ubingwa wa wanawake wawili wawili kila mwaka, yaani mara 12 mfululizo. Ubingwa wa mchezaji mmoja mmoja alianza kuuchukua mwaka 1929, akaushikilia hadi 1935, kisha akaurudia mwaka 1937. Jumla mara 8.

Miaka hiyohiyo, bingwa wa wazungu alikuwa Helen Wills, aliyetwaa ubingwa wa Wimbledon kule Uingereza mara 8. Mabingwa hawa wawili waliishi nchi moja, kipindi kimoja, lakini hawakukutana uwanjani hata mara moja. Nani angemshinda mwenzake? Swali hilo halina jibu, kwa sababu kanuni za ubaguzi zilifunga mlango.

Kikapu na timu ya gazeti

Tenisi ilikuwa mchezo wa majira ya joto. Baridi ilipoingia, Ora alihamia ndani ya ukumbi kwenye mpira wa kikapu.

Hapa tusimame kidogo kwa msikilizaji ambaye kijijini kwake kuna netiboli tu. Michezo hii miwili ni ndugu. Kikapu kilibuniwa mwaka 1891 na mwalimu James Naismith katika mji wa Springfield, Marekani. Mwaka uliofuata, mwalimu wa kike aitwaye Senda Berenson aliwafundisha wasichana wa chuo chake kwa kanuni alizozilegeza. Mchezo huo ukavuka bahari hadi Uingereza, ukabadilishwa tena ukawa netiboli, na Waingereza ndio walioueneza kwenye makoloni yao. Katika netiboli hudundi mpira kukimbia nao, na nyuma ya kikapu hakuna ubao. Katika kikapu unadunda na ubao upo.

Timu ya kikapu ina wachezaji watano. Yuko anayeuleta mpira kutoka nyuma na kupanga mashambulizi, mara nyingi ndiye mfupi kuliko wote. Wengine hucheza pembeni, na karibu na kikapu husimama mchezaji wa kati. Ora alicheza kati. Wakati huo nafasi hiyo ilikuwa na uzito kuliko leo, kwa sababu kwa kanuni za wanaume, hadi mwaka 1937, kila kikapu kilipofungwa mpira ulirudishwa katikati ya uwanja na kurushwa juu, wachezaji wa kati wa pande zote mbili wakaruka kuugombea. Aliyeshinda kuruka ndiye aliyeipa timu yake mpira. Timu za wanawake weusi za Philadelphia ziliweza kucheza kwa kanuni hizo za wanaume, si zile zilizolegezwa tu.

Timu yake ya kwanza ilikuwa Germantown Hornets. Msimu wa 1930 hadi 1931 walishinda michezo 22 wakapoteza mmoja, wakatambuliwa kuwa mabingwa wa wanawake weusi wa nchi nzima. Baadaye alichukuliwa na timu iliyodhaminiwa na gazeti la watu weusi la jiji hilo, Philadelphia Tribune, na timu ikaitwa kwa jina la gazeti. Akiwa huko alikuwa mfungaji mkuu, na kwa kipindi fulani alikuwa pia kocha. Timu hiyo ilikaa na ubingwa wa wanawake weusi kwa miaka 11 mfululizo, hadi mapema miaka ya 1940.

Tribune hawakukaa mjini wakisubiri wageni. Walisafiri kwenda majimbo ya kusini, kulekule Ora alikozaliwa na ubaguzi ulikokuwa mkali zaidi, ambako hoteli za wazungu hazikupokea mgeni mweusi. Watu walilipa kiingilio kuwaona. Mwaka 1934 walikwenda Greensboro, North Carolina, kucheza michezo mitatu na wasichana wa chuo cha Bennett, timu iliyokuwa tishio kusini. Tribune walishinda yote mitatu.

Gazeti kuwa na timu lilikuwa jambo la faida kwa pande zote. Timu iliuza gazeti, na gazeti liliandika habari za timu. Karibu kila tunachokijua leo kuhusu Ora kinatoka kwenye magazeti ya weusi. Magazeti makubwa ya wazungu hayakuwa na nafasi kwa ajili yake.

Mchezo wa mwisho

Mwaka 1947, akiwa anakaribia miaka 50, Ora aliingia fainali ya tenisi ya mchanganyiko, mwanamke na mwanamume kila upande. Mwenzake alikuwa George Stewart. Upande wa pili alikuwepo msichana wa umri wa kama miaka 20, Althea Gibson. Ora na mwenzake walishinda.

Miaka mitatu baadaye mlango ulifunguka. Mwaka 1950 Althea Gibson akawa mchezaji mweusi wa kwanza kuruhusiwa kucheza mashindano makuu ya taifa ya Marekani, na mwaka 1957 akatwaa Wimbledon. Dunia nzima ikamjua. Ora, aliyemshinda uwanjani, alibaki Philadelphia na kazi zake za nyumba za watu. Kosa lake lilikuwa kuzaliwa mapema mno.

Alifariki mwaka 1971, bila vyombo vikubwa vya habari kuandika chochote cha maana.

Mwaka 1976 waandaaji wa heshima kwa wanamichezo weusi wa Marekani walimchagua Ora awe miongoni mwa watakaoenziwa. Ndipo wakagundua kwamba alikuwa amekufa miaka mitano nyuma. Walikuwa wakimwita mtu aliyekwisha kuzikwa.

Baada ya hapo watafiti walianza kufukua magazeti ya zamani ukurasa kwa ukurasa. Mwaka 2004 kibao cha kumbukumbu kiliwekwa Germantown. Mwaka 2009 aliingizwa kwenye orodha ya heshima ya kikapu cha wanawake, na mwaka 2018 kwenye ile kubwa kuliko zote ya kikapu, inayobeba jina la mwalimu Naismith. Ilikuwa miaka 47 baada ya kifo chake.

Turudi Tabora

Sisi wa Tabora tunakaa juu ya njia ambayo majina mengi yamepotea. Kabla ya reli kufika hapa mwaka 1912, misafara ilikwenda kwa miguu kutoka Bagamoyo hadi Ujiji, na Unyanyembe palikuwa mahali pa kupumzika na kubadilisha wapagazi. Burton na Speke walifika hapa mwaka 1857, na majina yao yamo vitabuni. Nyumba ya Livingstone ipo Kwihara, watalii wanaonyeshwa. Lakini wapagazi wa Kinyamwezi waliobeba vitambaa, shanga na pembe kwa ujira, waliokuwa mafundi wa kazi hiyo kuliko mtu yeyote, wengi wao hatuwajui. Wanawake walioambatana nao, wakibeba vyungu, chakula na watoto mgongoni, ndio kabisa.

Wapagazi hao hawakuwa na gazeti lao. Ora alikuwa nalo, na karatasi zile zikahifadhiwa, ndiyo maana leo naweza kukusimulia habari zake hapa.

Msimu wa UMITASHUMTA na UMISSETA ukifika, wasichana wetu watacheza tena netiboli, na wa sekondari watacheza na kikapu. Mwalimu wa michezo unayesoma makala haya, daftari moja la mistari linatosha. Andika tarehe, timu mbili, matokeo, na majina matatu kamili ya wachezaji wote, siyo ya nahodha peke yake. Mzazi, kama binti yako amecheza, muulize nani alifunga ngapi, uandike nyuma ya kalenda kama huna pengine.

Na wewe uliyekuwepo siku ile chini ya mwembe, kama umelikumbuka jina la yule msichana, lilete kituoni. Tutalisoma hewani.