Kabaka Mwanga Alivyoponzwa na Anasa

Askari aliyepangiwa kazi Mbarara, au polisi aendaye kulinda usalama katika makazi ya wakimbizi ya Nakivale, akitokea Masaka hana budi kupita Lyantonde. Nchi ile iliitwa Kabula, na zamani ilikuwa upande wa Ankole. Wengi huipita bila kuuliza habari zake.

Nakivale imepokea wakimbizi tangu mwishoni mwa miaka ya 1950. Wa kwanza walikuwa Wanyarwanda. Leo wamo pia Wakongo, Warundi na Wasomali, jumla yao zaidi ya laki moja, na Kiswahili ni mojawapo ya lugha zinazowakutanisha. Lakini Ankole haikuanza hapo kuwapa wageni hifadhi. Mwaka 1888, kabla mji wa Mbarara haujajengwa, Omugabe Ntare wa Tano aliwaruhusu vijana wa Kiganda wakae Kabula. Walikuwa wamekimbia na bunduki zao. Wengi wao walilelewa katika nyumba ya Kabaka Mwanga wa Pili, na ili kufahamu walifikaje huko yafaa kwanza tumjue bwana wao.

Mwanga alizaliwa mwaka 1868. Alitawazwa Oktoba 1884, baada ya kufariki baba yake, Mutesa wa Kwanza, naye akiwa na umri wa miaka 16 hivi. Mutesa alikuwa fundi wa kuwachezesha Waarabu, Waprotestanti na Wakatoliki, kila kundi likidhani ndilo lililo karibu naye. Mtoto alirithi kiti, hakurithi subira.

Wamisionari waliokuwapo waliandika kwamba alivuta bangi na kwamba hasira zake zilikuja na kuondoka kama mvua ya ziwani. Kubwa zaidi lilikuwa jambo la watumishi wake vijana. Hao walikuwa watoto wa koo mbalimbali, waliopelekwa ikulu na wazazi wao ili wajifunze adabu na kazi za utawala. Kabaka aliwatumia kukidhi matamanio ya mwili wake, na kijana hakuwa na njia ya kukataa, maana kumkataa Kabaka kulikuwa uasi.

Haki yatudai tukumbuke kwamba habari hizo ziliandikwa na wageni na waongofu wao, watu wasiompenda. Hofu zake nazo hazikuwa za bure. Wajerumani walikuwa wameanza kuinyemelea pwani, na Askofu Hannington, aliyeuawa Busoga Oktoba 1885 kwa amri ya Mwanga, alikuwa akija kwa njia ya mashariki, ambako Waganda waliamini adui wao angetokea. Siasa ilikuwamo katika umwagaji damu ule. Hata hivyo, vijana waliopata mafundisho ya dini walipoanza kumkatalia bwana wao, naye akaona kwamba neno lake limegonga mwamba chumbani mwake mwenyewe, ghadhabu yake haikuwa ya siasa peke yake. Tarehe 3 Juni 1886 kundi kubwa lilichomwa moto Namugongo. Makanisa yanawakumbuka mashahidi 45 wa miaka ya 1885 hadi 1887, Wakatoliki 22 na Waanglikana 23.

Honorat Nyonyintono hakuuawa. Yeye alihasiwa kwa amri ya Kabaka, kisha akaendelea kumtumikia. Apolo Kagwa naye alipigwa vibaya, akasamehewa.

Hapo ndipo mpiganaji atasoma kwa makini. Kabaka huyo huyo aliwaunda vijana kuwa vikosi vipya, akawagawia bunduki na kuwaweka chini ya wakubwa kama Nyonyintono na Kagwa. Vikosi hivyo havikulishwa kwa utaratibu wa jeshi; vililishwa kwa ngawira. Vilizunguka vijijini vikitwaa ng'ombe na wanawake wa raia, na wazee wenye vyeo walipolalamika hawakusikilizwa. Wazee hao walikuwa na uchungu mwingine. Mwanga alitamani kuwa na ziwa karibu na ikulu yake ya Mengo, lenye njia ya maji hadi ziwa kubwa. Machifu walilazimishwa kuchimba tope kwa mikono yao, na mchelewaji alitozwa faini. Mfereji haukukamilika. Ziwa lipo hadi leo mjini Kampala.

Mwaka 1888 aliwaogopa wenye bunduki aliowafuga. Mpango wake ulikuwa kuwapeleka kisiwani na kuwaacha wafe njaa. Siri ilivuja, vijana wakakataa kupanda mitumbwi, na Septemba Waislamu na Wakristo waliungana wakamwondoa kitini. Hakuna kikosi kilichomtetea. Alikimbilia Magu, kusini mwa ziwa, kwa wafanyabiashara Waarabu, ambao walimnyang'anya alichokuwa nacho. Hatimaye mapadri wa Kifaransa wa Bukumbi walimpokea.

Mwezi uliofuata Waislamu waliwafukuza Wakristo, nao ndio waliofika Kabula. Nyonyintono akawa kiongozi wao. Katika ugenini huo waliamua kumrudisha Mwanga, kwa kuwa walihitaji mfalme wa damu. Basi mtu aliyehasiwa aliongoza jeshi la kumpigania aliyemhasi, akafa vitani mwaka 1889. Kagwa alishika nafasi yake, na mapema mwaka 1890 Mwanga alikuwa amerejea Mengo kwa uhakika.

Safari hii alirudi akiwa mfungwa wa waliomrudisha. Waingereza na machifu walimbana, hata watumishi wa nyumbani mwake wakachunguzwa. Julai 1897 alitorokea Buddu akaasi, akashindwa, akazuiliwa na Wajerumani Mwanza. Mwaka huo huo askari wa Kisudani wa serikali ya Uganda waliasi kwa sababu ya mishahara duni na safari zisizokwisha. Mwanga akaponyoka, akajiunga na Kabalega wa Bunyoro. Walikamatwa pamoja Lango tarehe 9 Aprili 1899.

Alifia Shelisheli tarehe 8 Mei 1903, mwenye umri wa miaka 35. Mabaki yake yalirudishwa na kuzikwa Kasubi mwaka 1910. Aliyekuwa kitini wakati huo ni mwanawe Daudi Chwa, aliyetawazwa angali mtoto wa mwaka mmoja, na waziri mkuu alikuwa Apolo Kagwa.