H. Beam Piper na watu wadogo wa msitu

Nilipokuwa mwaka wa nne wa shule ya msingi, tulikaa darasani na mtoto mmoja Mtwa. Alipoongea na dada yake uani, sisi wengine tulicheka, tukasema wale hawana lugha, wanalia tu kama ndege. Mwalimu alisikia, hakutukemea. Mtoto yule hakumaliza mwaka. Nilikuwa nimekwisha kumsahau, mpaka nilipoingia kitivo hiki na kusoma riwaya ya Mmarekani mmoja aliyefariki zamani. Ndiyo sababu ninasimulia hapa maisha yake.

Henry Beam Piper alizaliwa tarehe 23 Machi 1904 mjini Altoona, katika jimbo la Pennsylvania. Altoona ni mji ulioishi kwa reli. Msomaji wa kwetu afikirie Kamina. Akiwa na miaka 18 Piper aliingia kazi ya kibarua katika karakana za reli, na baadaye akawa mlinzi wa usiku. Chuo kikuu hakukanyaga. Alijifunza mwenyewe kwa vitabu, hasa vya historia, na alipenda kukusanya silaha za kale. Hadithi yake ya kwanza ilichapishwa mwaka wa 1947, naye alikuwa amefikisha miaka 43.

Aliandika hadithi za kubuni za kisayansi, zile za sayari za mbali na nyakati zijazo. Lakini sisi wa lugha tuna sababu ya kumsoma. Mwaka wa 1957 alitoa hadithi iitwayo Omnilingual. Ndani yake mwanamke mwanaakiolojia, Martha Dane, anajaribu kufumbua maandishi ya watu waliokufa zamani sana katika sayari ya Mirihi. Hakuna maandishi ya lugha mbili ya kumsaidia, na hakuna mzungumzaji hata mmoja aliyebaki. Wenzake wanamwona anapoteza wakati. Ufunguo unapatikana ukutani, katika jengo lililokuwa chuo kikuu: ni jedwali la elementi za kemia. Majina yamebadilika, lakini haidrojeni ni haidrojeni popote. Kwa kulifuata jedwali, maneno ya kwanza yanasomeka.

Kitabu kilichompa jina kubwa ni Little Fuzzy, cha mwaka wa 1962. Katika sayari ya Zarathustra kuna kompani yenye mkataba unaoipa mali yote ya nchi, kwa sharti moja: nchi isiwe na wenyewe. Mzee mmoja mtafuta mawe ya thamani, Jack Holloway, anakuta nyumbani kwake kiumbe kidogo kutoka msituni, kimo chake kama sentimita 60, manyoya yake rangi ya dhahabu. Baadaye jamaa zake wanamfuata. Wanatumia zana, wanawinda pamoja, wanashirikiana chakula. Je, ni wanyama au ni watu? Swali hilo lina bei. Wakiwa watu, mkataba wa kompani umekufa siku hiyo hiyo.

Ndipo mkubwa mmoja wa kompani anamuua mmoja wao kwa kumkanyaga. Kesi inafika mahakamani, na jaji hawezi kuiita mauaji kabla ya kujua aliyeuawa alikuwa nani. Kanuni ya kienyeji ya wakati huo inasema kwamba mtu ni yule anayeongea na kuwasha moto. Akina Fuzzy hawajui moto. Kuongea pia, hakuna aliyewasikia. Kinachosikika ni mlio mdogo tu. Hatimaye wanajeshi wa wanamaji wanaleta vyombo vya kusikia sauti nyembamba kupita uwezo wa sikio letu. Kumbe muda wote walikuwa wanaongea. Walioshindwa ni wasikilizaji.

Hata hivyo sitamsifu Piper bila kumuuliza. Baada ya hukumu, akina Fuzzy wanawekwa chini ya ulinzi, kama watoto, na Holloway anapewa cheo cha kusimamia mambo ya wenyeji. Msomaji wa Katanga, ambaye nchi yake ilisimamiwa na Comité Spécial du Katanga tangu mwaka wa 1900, anaijua harufu ya mikataba hiyo na ya ulezi huo. Tena Piper alikuwa mtoto wa miaka miwili tu pale Ota Benga, kijana wa misitu ya Kongo, alipowekwa katika nyumba ya nyani ya bustani ya wanyama ya Bronx, New York, mwaka wa 1906. Kumtambua mtu kuwa mtu ni hatua ya kwanza. Kumwachia ajisemee ni hatua nyingine, na kitabu hiki kinaishia katikati ya njia.

Mwisho wa mwandishi ulikuwa mchungu. Ndoa yake ilivunjika. Wakala aliyemuuzia hadithi zake alifariki, barua na malipo vikakatika, na Piper akaamini kwamba kazi yake imekwisha. Mwezi wa Novemba 1964, mjini Williamsport, alijiua akiwa na miaka 60. Mwaka ule ule kitabu cha pili cha akina Fuzzy kilikuwa kimetoka. Muswada wa kitabu cha tatu ulipatikana baadaye sana, ukachapishwa mwaka wa 1984. Humo, sehemu ya habari inasimuliwa kutoka upande wa akina Fuzzy wenyewe. Ile hatua ya pili niliyoitaja, alikuwa ameianza, na hakuna aliyejua. Mwaka wa 2011 mwandishi John Scalzi aliisimulia upya habari ya kitabu cha kwanza.

Wenzangu, wengi wetu tutatoka hapa tuwe walimu. Darasani tutakuta watoto ambao wenzao watatuambia hawasemi kitu. Mimi nilikuwa mmoja wa wale wenzao. Nakumbuka vizuri tulivyocheka, lakini kati ya maneno ya mtoto yule na dada yake sikumbuki hata moja.