Merleswein, Sherifu wa Lincoln

Katika karne ya 11 nchi ya Uingereza ilikuwa imegawanywa majimbo, na kila jimbo lilikuwa na sherifu, ndiye liwali wa mfalme. Mwaka 1066 sherifu wa Lincoln alikuwa Merleswein, mtu wa ukoo bora na mwenye mashamba mengi.

Kazi yake haikuwa nyepesi. Yeye ndiye aliyekusanya mapato ya mfalme na kuangalia mashamba yake. Barazani, barua za mfalme zilisomwa mbele ya watu wote, naye ilimpasa kuona kwamba zimetimizwa. Tena penye vita aliwakusanya wapiganaji wa jimbo. Cheo cha namna hiyo humjaribu mtu. Hata Mfalme Cnut, zamani kidogo, alikuwa ametoa sheria kuwakataza wasimamizi wake wasiwatoze watu chakula kwa nguvu.

Mwezi wa Septemba mwaka ule Mfalme Harold aliwashinda Wanorwe karibu na York. Mara akapata habari kwamba William, mtawala wa Normandy, ameshuka pwani ya kusini. Mwandishi mmoja wa kale asimulia kwamba Harold alimwachia Merleswein ulinzi wa kaskazini, akaenda mbio kusini. Tarehe 14 Oktoba Harold akauawa vitani, na William akatawala.

Kwa muda Merleswein alikaa chini ya mfalme mpya. Lakini mwaka 1068 William alijenga ngome Lincoln, na nyumba 166 zikaharibiwa kwa ajili yake. Mwaka huohuo Merleswein aliacha mali yake yote, akakimbilia Scotland pamoja na kijana Edgar, wa ukoo wa wafalme wa kale. Mwaka 1069 wakarudi, wakaungana na Wadeni waliokuja kwa merikebu, wakauteka mji wa York.

Wadeni hawakukaa. William akaja kwa hasira, akachoma vijiji na ghala za nafaka wakati wa baridi kali, na watu wengi mno wakafa kwa njaa. Walioumia zaidi walikuwa wakulima, ambao hawakuulizwa shauri na upande wo wote.

Mwaka 1085 William aliamuru mashamba yote ya nchi yaandikwe kitabuni. Humo jina la Merleswein laonekana mara nyingi, toka Lincoln hata Cornwall. Lakini ni jina la mwenyeji wa zamani. Sehemu kubwa ya mali yake ilikwisha kupewa Mnormani, Ralph Paynel.