Jenerali Aliyezikwa Nyeri

Kila tarehe 22 Februari sisi maskauti huvaa skafu zetu na kuadhimisha siku aliyozaliwa mwanzilishi wetu. Safari moja, mwanafunzi wa kidato cha kwanza aliniuliza, huyu mzee alifanya nini hasa? Nikabaki kinywa wazi! Basi nikaingia maktaba. Kuuliza si ujinga.

Robert Baden-Powell alizaliwa London mwaka wa 1857. Babake aliaga dunia yeye akiwa na umri wa miaka mitatu tu. Shuleni hakuwa moto sana masomoni. Alipenda kujificha msituni karibu na shule, huko akijifunza kunyatia wanyama. Lakini mtihani wa jeshi aliufaulu, na mwaka wa 1876 akapelekwa India.

Jina lake lilivuma Afrika Kusini. Mnamo Oktoba 1899, Makaburu waliuzingira mji mdogo wa Mafeking aliokuwa akiulinda. Askari wake walikuwa wachache, kwa hivyo akatumia ujanja. Alizika visanduku vya mchanga ili adui adhani ni mabomu. Askari wake nao wakajifanya kuruka seng'enge ambazo hazikuwepo! Wavulana wa mji walipewa kazi ya kupeleka barua, naye akaona kwamba mtoto akiaminiwa, hutenda. Mji ulistahimili siku 217. Ulipokombolewa Mei 1900, London ilirindima kwa shangwe, naye akapandishwa cheo kuwa Meja Jenerali.

Hapa ndipo nilipofunga kitabu kwa muda. Kumbe Mafeking kulikuwa na Waafrika pia, Wabarolong na wengineo. Walichimba mahandaki, na baadhi yao wakashika bunduki kuulinda mji. Chakula kilipopungua, mgao wao ndio uliokatwa zaidi ili Wazungu wasikose. Wengi walikufa kwa njaa. Katika zile shangwe za London, nani aliwakumbuka?

Hata hivyo, maisha yake hayakuishia vitani. Mwaka wa 1907 alipiga kambi katika kisiwa cha Brownsea, Uingereza, na wavulana wapatao 20. Watoto wa matajiri na wa maskini waliishi pamoja. Mwaka uliofuata alitoa kitabu chake cha uskauti, na mwaka wa 1910 akaliacha jeshi akiwa Luteni Jenerali. Mwaka wa 1920 alitangazwa Skauti Mkuu wa Dunia.

Uzeeni, mwaka wa 1938, yeye na mkewe Olave walihamia Nyeri, katika nyumba ndogo iitwayo Paxtu kwenye hoteli ya Outspan. Alifariki huko tarehe 8 Januari 1941. Kaburini pake pamechorwa duara lenye nukta katikati, alama ya maskauti yenye maana kwamba ameenda nyumbani. Olave alipofariki mwaka wa 1977, majivu yake yaliletwa yakazikwa papo hapo.

Sasa ninalo jibu la yule mdogo wangu. Alikuwa shujaa aliyetuachia kitu kizuri, lakini sifa zake za vita zililipiwa kwa njaa ya watu wengine. Skafu yangu sitaivua. Ila tukipakua ugali kambini, nitahakikisha aliye mwisho wa foleni anapata sawa na wa kwanza.