Majid Musisi

Majid Musisi (huandikwa pia Magid Musisi, 15 Septemba 1967 – 13 Desemba 2005) alikuwa mchezaji wa mpira wa miguu kutoka nchini Uganda aliyecheza nafasi ya mshambuliaji. Alijulikana kwanza akiwa na klabu ya SC Villa ya Kampala, kisha akacheza soka la kulipwa katika nchi za Ufaransa, Uturuki na Vietnam kabla ya kurudi nyumbani. Ni miongoni mwa Waganda wa kwanza kuishi kwa kazi ya mpira barani Ulaya.

Sehemu kubwa ya kazi yake ya nje haikupita katika klabu tajiri. Alicheza daraja la pili la Ufaransa, kisha klabu mbili za mikoani nchini Uturuki, kisha ligi changa ya Vietnam, na mwishoni klabu ndogo ya kando ya Ziwa Viktoria. Kwa sababu hiyo historia yake inaonyesha jinsi mshambuliaji wa Afrika Mashariki alivyoweza kufika mbali katika miaka ya 1990, na pia jinsi kazi hiyo ilivyokuwa ngumu na isiyo na uhakika.

Maisha ya awali

Musisi alizaliwa mwaka 1967, miaka mitano baada ya uhuru wa Uganda. Utoto wake ulikuwa wakati wa utawala wa Idi Amin (1971–1979), na ujana wake ulipita katika vita na mabadiliko ya serikali ya miaka ya 1980. Pamoja na shida hizo, mpira haukufa nchini Uganda. Mwaka 1978 timu ya taifa ilifika fainali ya Kombe la Mataifa ya Afrika mjini Accra na kufungwa na wenyeji Ghana mabao 2–0. Mshambuliaji Philip Omondi alikuwa mmoja wa wafungaji bora wa mashindano hayo. Watoto waliocheza mpira katika viwanja vya vumbi vya Kampala wakati huo walikua wakisikia habari za kikosi hicho.

Musisi alianza katika klabu ndogo za Kampala, zikiwemo Mulago Heroes na Pepsi. Mwaka 1985 alijiunga na SC Villa.

SC Villa

SC Villa ilikuwa klabu changa ikilinganishwa na Express na KCC, wapinzani wake wa mjini. Ilianzishwa katika miaka ya 1970 na kutwaa ubingwa wa Uganda kwa mara ya kwanza mwaka 1982. Mashabiki wake huiita Jogoo.

Musisi alifika wakati klabu inaingia katika kipindi chake bora. Villa ilitwaa ubingwa wa Uganda miaka mitano mfululizo, kuanzia 1986 hadi 1990. Mwaka 1987 ilitwaa pia ubingwa wa klabu za Afrika Mashariki na Kati. Musisi alikuwa mshambuliaji wa kati mwenye nguvu na kasi, na ndiye aliyetegemewa kuzifumania nyavu.

Ushindani wa klabu za ukanda huu ulikuwa mkali. Nchini Tanzania, Coastal Union ya Tanga ilivunja utawala wa klabu za Dar es Salaam kwa kutwaa ubingwa wa mwaka 1988, na mwaka uliofuata ilifika fainali ya Kombe la klabu za Afrika Mashariki na Kati, ambako ilifungwa na Kenya Breweries. Mwaka 1991 fainali ya kombe hilo iliwakutanisha Simba ya Dar es Salaam na Villa, na Simba ikashinda. Kwa wachezaji wa Kampala, Tanga, Nairobi na Dar es Salaam, kombe hilo lilikuwa nafasi ya kupimana nguvu mbele ya watu wa nchi jirani.

Fainali ya Afrika ya mwaka 1991

Mwaka huohuo Villa ilifika fainali ya Kombe la Klabu Bingwa Afrika. Kabla yake klabu moja tu ya Uganda ilikuwa imefika hatua hiyo: Simba, timu ya jeshi la Uganda, iliyofungwa na Hafia ya Guinea mwaka 1972.

Katika fainali Villa ilikutana na Club Africain ya Tunisia. Mechi ya kwanza ilichezwa mjini Tunis na Villa ikafungwa mabao 6–2. Marudiano mjini Kampala yaliisha kwa sare ya 1–1, na kombe likabaki Tunisia. Hata hivyo safari hiyo iliitangaza klabu na wachezaji wake nje ya mipaka ya Uganda. Wakati huo hakukuwa na intaneti ya kusambaza picha za mabao, na mawakala wa wachezaji walikuwa wachache Afrika Mashariki. Mashindano ya bara yalikuwa karibu dirisha pekee ambalo mchezaji angeweza kuonekana kupitia kwake.

Rennes na daraja la pili la Ufaransa

Kabla ya Musisi, wachezaji wa Afrika Mashariki waliocheza Ulaya walikuwa wachache sana. Kutoka Tanzania, Sunday Manara wa Yanga alikwenda Uholanzi katika miaka ya 1970. Wengi waliotafuta riziki ya mpira nje walielekea nchi za Ghuba. Omondi mwenyewe alicheza Umoja wa Falme za Kiarabu.

Mwaka 1992 Musisi alisajiliwa na Stade Rennais, klabu ya mji wa Rennes katika mkoa wa Bretagne, magharibi mwa Ufaransa. Klabu hiyo ilikuwa imeshuka daraja mwaka huohuo, hivyo Musisi alianza maisha yake ya Ulaya katika daraja la pili.

Daraja la pili la Ufaransa lilikuwa na sura yake. Hadi msimu wa 1992–93 liligawanywa katika makundi mawili. Kuanzia msimu wa 1993–94 likawa ligi moja ya nchi nzima yenye timu 22, na hivyo mechi 42 kwa msimu, mbali na mashindano ya vikombe. Kwa mtu aliyetoka katika joto la Kampala, hizo zilikuwa safari ndefu za majira ya baridi, viwanja vya matope, na mabeki waliozoea mchezo wa nguvu.

Katika msimu wa 1993–94 kocha wa Rennes alikuwa Michel Le Milinaire, aliyejulikana kwa kulea vijana. Katika kikosi cha miaka hiyo walikuwemo Jocelyn Gourvennec na Sylvain Wiltord. Wiltord baadaye alicheza Arsenal na kuwa mchezaji muhimu wa timu ya taifa ya Ufaransa iliyotwaa ubingwa wa Ulaya mwaka 2000.

Mwishoni mwa msimu wa 1993–94 Rennes ilirudi daraja la kwanza. Musisi hakucheza nayo huko. Mwaka huohuo alihamia Uturuki, na hivyo miaka yake miwili ya Ufaransa yote ilikuwa ya daraja la pili.

Bursaspor

Bursa ni mji mkubwa wa viwanda kaskazini magharibi mwa Uturuki, chini ya mlima Uludağ. Klabu yake, Bursaspor, ilianzishwa mwaka 1963 na huvaa kijani na nyeupe. Ilikuwa katika ligi kuu, lakini nje ya zile klabu tatu za Istanbul zilizozoea kutwaa ubingwa, yaani Galatasaray, Fenerbahçe na Beşiktaş.

Musisi alicheza Bursaspor kuanzia 1994 hadi 1997, na hapo ndipo alipopata jina kubwa zaidi nje ya Uganda. Mwaka 1995 klabu ilishiriki Kombe la Intertoto, mashindano ya majira ya joto ambayo mwaka huo kwa mara ya kwanza yalisimamiwa na UEFA na kutoa nafasi za kucheza Kombe la UEFA. Katika hatua ya makundi Bursaspor iliifunga Wimbledon ya Uingereza mabao 4–0 katika uwanja wa Brighton. Wimbledon haikupeleka kikosi chake cha kwanza, lakini matokeo hayo yalikuwa sherehe kubwa mjini Bursa. Bursaspor iliitoa OFI ya Ugiriki, kisha katika robo fainali ikatoka sare ya 3–3 na Karlsruhe ya Ujerumani na kutolewa kwa mikwaju ya penalti.

Bursaspor huitwa na mashabiki wake Mamba wa Kijani. Katika kipindi hicho wachezaji walianza kushangilia mabao kwa kujipanga mstari mmoja chini na kutambaa kwenye nyasi kama mamba. Jina la Musisi limeunganishwa na ushangiliaji huo katika kumbukumbu za mashabiki wa Bursa, ambao bado wanamtaja miongoni mwa wageni waliowapenda.

Mchezaji wa kigeni nchini Uturuki alikuwa na mzigo wa ziada. Kila klabu iliruhusiwa wageni wachache tu. Uamuzi wa kesi ya Bosman wa Desemba 1995 uliondoa vizuizi hivyo kwa raia wa nchi za Umoja wa Ulaya ndani ya umoja huo, lakini haukumsaidia Mganda anayecheza Uturuki. Nafasi ya mgeni ilikuwa ghali, na mshambuliaji aliyekaa mechi kadhaa bila bao alijua kwamba klabu ilikuwa tayari kumtafuta mwingine. Kudumu miaka mitatu katika klabu moja kwa hali hiyo ni kipimo kizuri cha uwezo wake.

Çanakkale Dardanelspor

Mwaka 1997 Musisi alihamia Çanakkale Dardanelspor, katika mji wa bandari ulioko kwenye mlangobahari wa Dardaneli. Klabu hiyo ilihusishwa na kampuni ya kusindika samaki wa makopo na ilikuwa imepanda ligi kuu mwaka 1996. Ilikuwa ndogo kuliko Bursaspor, na kazi yake ya kila msimu ilikuwa kujinusuru isishuke. Ilishuka daraja mwaka 1999, na huo ndio ukawa mwisho wa miaka ya Musisi nchini Uturuki.

Vietnam na kurudi nyumbani

Baada ya Uturuki Musisi alirudi SC Villa, ambayo wakati huo ilikuwa imeanza tena kutawala ligi ya Uganda. Kisha alikwenda Vietnam kucheza katika klabu ya mji wa bandari wa Da Nang. Ligi ya Vietnam ilikuwa imeingia katika mfumo wa kulipwa msimu wa 2000–01 na kufungua milango kwa wageni. Wachezaji wengi wa Afrika walipata kazi huko, baadhi yao wakiwa mwanzoni mwa kazi yao na wengine, kama Musisi, wakiwa wamevuka umri wa miaka 30.

Klabu yake ya mwisho ilikuwa Ggaba United. Ggaba ni mtaa wa soko na mwalo wa wavuvi kusini mashariki mwa Kampala, kando ya Ziwa Viktoria. Mchezaji aliyecheza mbele ya maelfu mjini Bursa alitundika daruga akiwa na klabu ya mtaani.

Timu ya taifa

Musisi aliichezea timu ya taifa ya Uganda, Cranes, katika miaka ya 1980 na 1990. Ni kipindi ambacho Uganda ilikuwa na nguvu katika ukanda wake. Ilitwaa Kombe la Chalenji mwaka 1989 nchini Kenya na tena mwaka 1990 Zanzibar. Lakini baada ya fainali ya 1978 Uganda haikufuzu Kombe la Mataifa ya Afrika hadi mashindano ya 2017. Hivyo Musisi, kama washambuliaji wote wa kizazi chake nchini humo, hakupata kucheza mashindano makubwa ya bara akiwa na timu ya taifa.

Kifo

Musisi alifariki tarehe 13 Desemba 2005 baada ya kuugua. Alikuwa na umri wa miaka 38, na ilikuwa miaka michache tu tangu aache kucheza.

Kifo chake kiliwakumbusha wapenzi wa mpira wa Afrika Mashariki jambo ambalo huzungumzwa mara chache mchezaji anapokuwa katika fomu. Kazi ya mshambuliaji huisha mapema, na wachezaji wa kizazi hicho hawakuwa na mfuko wa pensheni wala chama chenye nguvu cha kuwatetea. Mikataba yao ilikuwa mifupi. Ugonjwa au jeraha lilipokuja baada ya kustaafu, mzigo ulibaki kwa familia na marafiki.

Urithi

Nchini Uganda Musisi huhesabiwa miongoni mwa washambuliaji bora waliowahi kutokea, na mashabiki wa Villa humweka juu katika orodha ya wachezaji wao wa nyakati zote. Washambuliaji wengi wa Uganda wamecheza nje tangu wakati wake. Emmanuel Okwi, anayefahamika sana Tanzania kwa mabao yake akiwa Simba, alipitia pia SC Villa na baadaye akacheza Denmark.

Tofauti ni kwamba waliofuata walikuta njia imekwisha kukanyagwa. Klabu za Ulaya zilikuwa zimeona kwamba Kampala inatoa washambuliaji, na vijana wa Kampala walikuwa wameona kwamba mtu aliyeanza Mulago anaweza kuwa kipenzi cha mashabiki wa Uturuki.