Mkomanile, Nduna wa Kitanda

Wanachuo wenzangu, ukitoka Makambako, ukapita Njombe na kuteremka mpaka Songea, utakuta kaburi moja la pamoja. Humo wamelala wapiganaji zaidi ya 60 walionyongwa na Wajerumani tarehe 27 Februari 1906. Mwanamke kati yao ni mmoja tu: Nduna Mkomanile.

Unduna kwa Wangoni ulikuwa mambo ya wanaume. Nduna ndiye aliyesimamia eneo na kuita vijana vitani. Lakini huyu mama aliongoza Kitanda, na watu walimsikiliza.

Vita vya Majimaji vilianza Julai 1905 kule Umatumbi. Kinjikitile wa Ngarambe alinyongwa mapema Agosti, ila dawa yake ilikuwa imeshasambaa. Aliyeileta Ungoni ni Omari Kinjala, na mlango aliobisha hodi ulikuwa wa Mkomanile. Mama hakuishia kuipokea tu, aliifikisha kwa Nkosi Chabruma. Wangoni wakaingia vitani. Moto ukawaka hadi huku kwetu: Septemba mwaka huohuo, Wabena wa Mbeyela waliivamia misheni ya Yakobi, karibu na Njombe.

Tusidanganyane, maji hayakuzuia risasi. Watu walikufa, mashamba yakachomwa, njaa ikafuata. Mtu anaweza kusema mama aliwaponza watu wake. Mimi naona hakuwatuma watu kwenye hatari kisha yeye akajificha. Chabruma alivuka kwenda Msumbiji. Mkomanile alikamatwa, akanyongwa kama kiongozi mwingine yeyote. Yaani hata adui alimhesabu kuwa kiongozi, wakati sisi wenyewe tunamsahau.

Najua tunamsahau kwa sababu nami nilimsahau. Nilipokuwa Iwawa kwa mazoezi ya kufundisha, niliuliza darasa majina ya mashujaa wa Majimaji. Wakataja Kinjikitile, wakataja Songea Mbano. Binti mmoja wa nyuma akauliza kama wanawake walikuwepo. Nikaangalia andalio langu la somo: hakuna hata mmoja. Nikababaika, nikamwambia tutaona kesho.

Usiku ule nilisoma. Kesho yake niliandika jina la Mkomanile ubaoni, juu kabisa, na yule binti akahamia dawati la mbele.

Walimu wenzangu, msisubiri kuulizwa.