Al-Khwarizmi: Mwanazuoni Aliyeyageuza Mafumbo ya Maisha Kuwa Aljebra

Na Mwandishi Wetu, Dar es Salaam

Mteja anayefika katika soko la vinyago la Mwenge, wilayani Kinondoni, akachagua vinyago vikubwa 3 na vidogo 5, kisha akapunguziwa shilingi 4,000, huwa tayari ametunga fumbo la hisabati. Elimu ya kufumbua mafumbo ya namna hiyo ilipangwa takribani miaka 1,200 iliyopita na Muhammad ibn Musa al-Khwarizmi, ambaye wengi humwita baba wa aljebra.

Al-Khwarizmi alizaliwa karibu mwaka 780. Jina lake linaelekeza Khwarazm, kusini mwa Bahari ya Aral, eneo ambalo leo limegawanyika kati ya Uzbekistan na Turkmenistan. Alifanya kazi mjini Baghdad, katika Nyumba ya Hekima, zama za Khalifa al-Ma'mun aliyetawala kuanzia mwaka 813 hadi 833. Huko aliandika pia kuhusu nyota, jiografia na namba za Kihindi.

Karibu mwaka 820 alikamilisha kitabu chake cha hesabu za al-jabr na al-muqabala. Hakukiandika kwa ajili ya wanazuoni pekee. Alikusudia kuwasaidia watu katika biashara, upimaji wa ardhi, uchimbaji wa mifereji na kesi za madai. Sehemu kubwa ya kitabu hicho inahusu wasia na mirathi, mahali ambapo kosa dogo la hesabu humnyima mjane au yatima haki yake.

Msomaji wa Kiswahili hatajiona mgeni katika kitabu hicho. Hesabu, wasia na mirathi ni maneno yetu ya kila siku. Al-muqabala ina asili moja na neno mkabala, nayo ni kazi ya kuondoa vitu vinavyofanana katika pande mbili zinazokabiliana. Al-jabr ni kurudishia kilichopungua, neno lililotumika pia kwa kuunga mfupa uliovunjika. Kiasi kisichojulikana alikiita kitu au mzizi, na kipeo chake cha pili akakiita mali.

Jambo la kuzingatia ni kwamba kitabu chote kiliandikwa kwa maneno. Hakikuwa na x wala alama ya kujumlisha. Hata namba ziliandikwa kwa maneno. Herufi tulizozizoea zilienea Ulaya karne nyingi baadaye, hasa kupitia kazi ya René Descartes ya mwaka 1637.

Turejee Mwenge. Tuseme bei ya kinyago kidogo ni x, na kikubwa huuzwa mara mbili ya bei hiyo, yaani 2x. Vikubwa 3 ni 6x, vidogo 5 ni 5x. Ukiondoa punguzo, mtajo ni 6x + 5x − 4,000, ambao hurahisishwa kuwa 11x − 4,000. Iwapo mteja alilipa shilingi 51,000, al-jabr hurudishia zile 4,000 pande zote mbili, tukapata 11x = 55,000. Kinyago kidogo ni shilingi 5,000 na kikubwa ni 10,000.

Al-Khwarizmi alifariki karibu mwaka 850. Mwaka 1145 Robert wa Chester alikitafsiri kitabu chake cha aljebra kwa Kilatini, akiwa Segovia, Hispania. Neno al-jabr likazaa aljebra, na jina lake mwenyewe likazaa algorithimu, yaani hatua zilizopangwa ambazo kompyuta huzifuata.

Wanafunzi wengi huweza kurahisisha mtajo waliopewa, lakini hukwama wanapotakiwa kuuandika wenyewe kutoka katika fumbo. Maisha ya mwanazuoni huyu yanaonesha kwamba kazi hiyo ndiyo chimbuko la aljebra: kwanza kuelewa maneno, kisha kukipa jina kisichojulikana, ndipo kukokotoa. Mwalimu au mzazi anayemzoesha mtoto kusoma fumbo taratibu, kwa mifano ya sokoni, anamrudisha pale pale al-Khwarizmi alipoanzia.